Kwa Wenye Hesabu ya Upepo: Malindi, Lamu, Siyu, Kizingitini

Katika hadithi za kubuni, mchawi wa upepo husimama kwenye omo ya chombo, hutamka neno moja, na tanga hujaa. Ursula K. Le Guin, Mmarekani aliyetoa A Wizard of Earthsea mwaka 1968, aliwapa watu wa aina hiyo shule katika visiwa vyake vya kufikirika, na bingwa wa kuwafundisha elimu ya pepo. Nilikisoma kitabu hicho bara, mahali ambapo upepo ukivuma kazi yake kubwa ni kutulazimisha kufunga madirisha. Nilipokimaliza niliona aibu kidogo, kwa kuwa nilikuwa nimewafahamu wachawi wa visiwa visivyokuwepo kabla ya kuwafahamu watu wa visiwa vyetu wenyewe, ambao karibu miaka elfu mbili wamesafiri, wameoa, wamefanya biashara na wamekufa kwa kufuata upepo.

Nikafunga safari mwezi wa Machi, na mwezi huo niliuchagua makusudi. Kuanzia Desemba pwani hii huvumiwa na kaskazi, upepo mkavu unaotoka upande wa Arabuni na India wakati bara la Asia limepoa na hewa yake nzito inashuka kuja baharini. Kuanzia Aprili mambo hugeuka: Asia inapata joto, hewa yake inapanda, na kusi inapita kwetu ikikimbilia huko kujaza nafasi. Katikati ya tawala hizo mbili kuna majuma ya pepo zisizo na msimamo, ambayo mabaharia huyaita tanga mbili. Nilitaka kuwaona watu wa upepo katika majuma hayo, bwana mmoja akiwa anaondoka na mwingine hajafika.

Malindi

Nilianzia Malindi kwa sababu hapo ndipo palipo na ushahidi wa bei ya kutoijua hesabu ya upepo. Juu ya mwamba unaoingia baharini imesimama nguzo nyeupe yenye msalaba, ukumbusho wa Vasco da Gama. Asubuhi watoto huogelea chini yake, na wauza madafu huegemeza mikokoteni yao pembeni. Nilikuwa nimekula mahamri na mbaazi za nazi katika mkahawa wa nyuma ya soko, na nilikaa pale kwenye kivuli chembamba cha nguzo nikizitazama tarehe nilizokuwa nimeziandika daftarini.

Tarehe 24 Aprili 1498, Mreno huyo aling'oa nanga hapa akiwa na rubani aliyepewa na Mfalme wa Malindi. Kwa muda mrefu rubani huyo alitajwa kuwa Ahmad ibn Majid, bingwa wa elimu ya bahari mzaliwa wa Julfar. Wanahistoria wengi wa sasa wanaona alikuwa mtu wa Gujarat. Awe nani awe nani, aliijua siku ya kuondoka. Kusi ilikuwa imeanza, bado haijawa kali, na tarehe 20 Mei merikebu zilikuwa mbele ya Calicut.

Safari ya kurudi Vasco hakungoja. Aliiacha pwani ya India mwanzoni mwa Oktoba, kaskazi ikiwa bado haijakaa sawa. Wakabaki baharini miezi mitatu, leo shwari, kesho upepo wa omo. Fizi za mabaharia zilivimba zikafunika meno, na watu wapatao 30 walikufa kabla ya kuiona tena pwani ya Afrika. Walipofika Malindi tarehe 7 Januari 1499, waliosalia hawakutosha kuendesha merikebu zote, na muda mfupi baadaye iliwabidi waichome moto mojawapo, São Rafael. Kilichotofautiana baina ya kwenda na kurudi kilikuwa tarehe ya kutweka tanga. Mizinga ilikuwemo safari zote mbili.

Lamu

Kutoka Malindi kwenda kaskazini nchi hulala chini. Delta ya Tana hufungua mabonde ya majani yenye mikoche na ng'ombe wa Waorma, kisha msitu, kisha mikoko, na mwisho wa barabara pana gati la Mokowe na ng'ambo yake kisiwa. Mji wa Lamu, ulioingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2001, huonekana kwanza kama mstari wa kuta nyeupe na paa za makuti juu yake. Ukishaingia, mitaa inakubana. Punda akipita na mzigo wa mchanga, mtu hupanda baraza ampishe.

Jambo la kwanza nililolitambua ni kwamba mji wenyewe umejengwa kwa ajili ya hewa. Barabara kuu, Usita wa Mui, imelala sambamba na ufuo, na vichochoro vinaikata kushuka baharini; kila uvukapo kichochoro unapata pumzi ya bahari kifuani. Nyumba za mawe zina kuta nene na ua wa ndani, na juu kabisa kuna paa la makuti lililoachwa wazi pande zote, ambako watu hulala usiku wa joto. Mwenyeji wangu, mama wa makamo aliyekuwa akipika mkate wa mofa kwa ajili ya majirani, alinionyesha pa kutandika jamvi. "Usilale upande ule," alisema. "Kaskazi imechoka, usiku upepo utageuka, utaamka na vumbi la makuti usoni." Saa za alfajiri niliamka na kukuta upepo umegeuka kama alivyosema. Huyu hakuwa nahodha. Alikuwa mpishi wa mikate.

Manahodha nilikutana nao mbele ya bahari baada ya Alasiri, wamekaa kwenye baraza, muuza kahawa akigonga vikombe vyake na kumimina kahawa chungu kutoka dele la shaba. Nilimsalimu mkubwa wao, na baada ya kikombe cha pili nikathubutu.

"Mzee, vitabuni kuna watu huuita upepo ukaja."

Akanitazama kwa huruma. "Mwanangu, ukiweza kuuita, ni nani atakayeufukuza? Sisi twauhesabu tu."

Hesabu yenyewe alinieleza taratibu, akipanga kokwa za tende juu ya baraza. Mwaka wa Kiislamu hufuata mwezi, kwa hiyo Ramadhani huzunguka misimu yote; lakini upepo haufuati mwezi. Kwa ajili ya bahari na shamba, watu wa pwani walishika mwaka wa jua wa siku 365, uliokuja na jina lake kutoka Uajemi: Nairuzi. Wakaugawa kwa makumi, kila kumi likiitwa mwongo. Miongo 36 hufanya siku 360, na tano zinazobaki ni za kufungia mwaka. Siku ya Mwaka mji husafishwa kwa dua, na desturi ya kale ni kuzungushwa ng'ombe kisha akachinjwa. Kuanzia siku hiyo nahodha huhesabu: mwongo huu bahari inafunguka, mwongo ule jahazi la Arabuni liwe limekwisha kuondoka, mwongo ule mwingine asiyerudi atakaa ugenini hadi msimu ujao. Juu ya hesabu hiyo wanaweka nyota. Wanazo methali zao, na mmojawao aliniambia ile ya Kilimia, kwamba kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.

Hawa wazee wenyewe wameuona mwisho wa biashara ile kubwa. Walipokuwa vijana, vyombo vya Ghuba vilikuwa bado vikija na kaskazi vikileta tende na chumvi, na kurudi na kusi vikiwa vimejaa boriti za mikoko za kuezekea nyumba za nchi isiyo na miti. Alan Villiers, baharia wa Australia, alisafiri na jahazi moja la Kuwait msimu wa 1938 na 1939 akafika hadi delta ya Rufiji, na kitabu chake bado kinasomwa na kila anayetaka kujua maisha yale. Mwaka 1982 Kenya ilipiga marufuku kuuza boriti nje. Mikoko ilipata nafuu. Majahazi ya mbali hayakuwa na shehena tena.

Niliuliza mtu huingiaje katika chama hiki cha watu wa upepo, kisicho na daftari wala mlango. Wakajibu kwa zamu, kila mmoja akimrekebisha mwenzake. Mtoto huanza kwa kupika na kufua maji ya ngamani. Akikua hushika henza, kamba ya kupandishia foromali, halafu demani, kamba ya kuliongozea tanga. Akizoeleka huwa sarangi, msimamizi wa mabaharia. Unahodha huja mwishoni, na hauji kwa mtihani. Siku moja mwenye chombo humkabidhi msukani katika bahari mbaya, na mabaharia wakikubali kulala yeye akiwa zamu, basi amekuwa nahodha.

Kesho yake nilikuwa na ahadi ya kuvuka kwenda kisiwa cha Pate na mmoja wao. Nikafika gatini na mfuko wangu. Alitazama mawingu upande wa Manda, akatazama maji, akasema maneno mawili ya Kiamu: "Yeo hatundoki." Hakueleza na sikuuliza. Mchana ule kulivuma pepo za kugombana, mara huku mara kule, na mashua zote zilibaki zimefungwa.

Matondoni

Siku ile ya kukwama nilitembea kwenda Matondoni, upande wa pili wa kisiwa, njia ya mchanga katikati ya minazi na miembe. Hapa ndipo majahazi huzaliwa. Chini ya kibanda cha makuti kulikuwa na chombo kimefikia mataruma, mbavu zake zimesimama wazi, na mafundi watatu wakifanya kazi kwa tezo, msumeno na keekee. Hapakuwa na mchoro wa aina yoyote. Fundi mkuu alipima kwa uzi na kwa jicho, akiinama kuangalia mkunjo wa ubao dhidi ya mwanga. Taruma huchaguliwa kutoka tawi lililopinda lenyewe, maana mti uliopindishwa kwa nguvu hukumbuka unyoofu wake baharini.

Mbao zikishapigiliwa, nyufa hujazwa pamba iliyolowekwa mafuta, kazi wanayoiita kalafati. Juu ya mstari wa maji mbao hupakwa sifa, yale mafuta ya papa yenye harufu ambayo mtu hatembelei kijiji hiki bila kurudi nayo kwenye nguo. Chini hupakwa deheni, chokaa iliyokandwa na mafuta, ili mdudu wa bahari asitoboe.

Kivulini, mzee mwingine alikuwa akishona tanga. Alikuwa ameliweka mchangani, pembetatu kubwa isiyo na pembe sawa, na alikuwa akiizungushia dasi, kamba ya pindo. Aliniambia kwamba tanga likikatwa tambarare halifai. Lazima katikati likae na tumbo, na tumbo hilo halitokani na kitambaa. Linatokana na namna dasi inavyovutwa wakati wa kushona. Akivuta mno, tanga huwa gumu na chombo hakiwezi kubisha, yaani kukata pande kwa pande dhidi ya upepo. Akilegeza mno, linapigapiga. Nilimwona akivuta, akaachia kidogo, akavuta tena. Upepo utakaolijaza tanga hilo ulikuwa bado mamia ya maili upande wa kusini, naye alikuwa ameshaukatia nguo.

Kabla ya matanga ya kitambaa watu hawa walikuwa na mtepe: chombo kilichoshonwa kwa kamba za makumbi bila msumari hata mmoja, na tanga lake lilikuwa mkeka wa mraba. Mfano wake mdogo upo katika jumba la makumbusho la Lamu. Kitabu cha Kigiriki cha karne ya kwanza, Periplus, kinataja vyombo vya kushonwa katika pwani hii.

Shela na Takwa

Upepo ulipotulia tuliondoka, lakini nahodha alinishusha kwanza Shela ili nione, alivyosema, "kazi ya kusi." Ni milima ya mchanga, inayoandamana na ufuo wa mbele ya bahari kuu kwa maili nyingi. Kusi imeirundika kwa karne nyingi. Mgeni huipanda kwa ajili ya picha. Mwenyeji huiona kama kisima. Mvua ikinyesha huchujika mchangani na kukaa chini, na maji matamu ya mji wa Lamu hutoka humo. Kwa hiyo mji huu hunywa maji kwa hisani ya upepo.

Ufuo huo huo una kumbukumbu ya vita. Karibu mwaka 1812, majeshi ya Pate na ya Mazrui wa Mombasa yalitua Shela kuja kuiteka Lamu. Walipigwa wakakimbilia vyombo vyao, na inasimuliwa kwamba walivikuta vimekaa mchangani, maji yamekupwa. Wengi walichinjwa papo hapo. Lamu, ikiogopa kisasi, ikaomba ulinzi wa Sayyid Said wa Omani, na hivyo ndivyo utawala wa Waomani ulivyopata mguu wa kuingilia upande huu. Mtu akisema historia hufanywa na masultani, Shela imjibu kwamba na kupwa kwa maji kuna fungu lake.

Takwa iko ng'ambo, kisiwani Manda, na hufikiwa kwa mkono wa bahari unaopita katikati ya mikoko maji yakiwa yamejaa. Mji huu ulikaliwa baina ya karne ya 15 na ya 17, kisha watu wake wakahamia Shela. Zimebaki kuta za matumbawe, mibuyu iliyoota ndani ya vyumba, na msikiti wenye nguzo juu ya ukuta wa kibla. Nje ya ukuta wa mji kuna kaburi la nguzo lenye tarehe ya mwaka 1094 wa Hijria, yaani 1682 au 1683. Watu wa Shela bado huja kwenye kaburi hilo kuomba mvua. Nilimuuliza nahodha kama huo si uchawi wa hewa. Alikuwa akitawadha kwa maji ya chupa. "Huo ni uombaji," alisema. "Mchawi huamuru, mja huomba, nahodha hungoja. Kila mtu na kazi yake." Kisha akaswali, tukarudi chomboni kabla maji hayajatuacha kama yalivyowaacha watu wa Pate.

Mkanda na Siyu

Kwenda Pate tulipita Mkanda, njia nyembamba ya maji baina ya Manda na bara. Mikoko ilikuwa karibu kiasi cha kuishika. Hapo tanga lilishushwa na kijana akashika pondo, akisukuma tope. Nahodha alikuwa ameipiga hesabu ya kujaa kwa maji ili tupite juu ya mafungu. Tulipotoka upande wa pili, ghuba ilifunguka na kando ya bara zikaonekana winchi za bandari mpya ya Lamu, ndefu kuliko mnara wowote wa visiwani. Gati la kwanza lilifunguliwa Mei 2021, kwa meli ambazo haziulizi upepo unatoka wapi. Kabla ya hapo, mwaka 2018, Mahakama Kuu iliamuru wavuvi walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa kuharibiwa maeneo yao ya uvuvi. Mabaharia wetu walizitazama winchi bila hasira. Kilichowashughulisha ni kukisi tanga, kulihamisha pamoja na foromali yake kutoka upande mmoja wa mlingoti hadi mwingine, kazi ya watu wanne na kelele za watu kumi.

Siyu, kisiwani Pate, imejificha ndani ya mkono wa bahari, na maji yakikupwa haifikiki kwa chombo. Ngome yake imesimama ukingoni mwa tope. Katika miaka ya 1840 majeshi ya Sayyid Said yalishindwa hapa na watu wa Bwana Mataka. Mji huo wa vita ulikuwa pia mji wa mikono mizuri: hapa ilinakiliwa misahafu, zilishonwa ndara za ngozi, na zilichongwa samani. Mke wa Bwana Mataka ndiye Mwana Kupona, aliyemtungia binti yake utendi wa wasia mwaka 1858. Usiku ule tulikula wali wa nazi na mtuzi wa papa sakafuni, na bibi wa nyumba alipoambiwa natafuta watu wa upepo alisema nimepita mlango wao, kwa sababu mwanawe hodari yuko Kizingitini.

Kizingitini

Kijiji hiki cha Wabajuni kiko upande wa kaskazini wa kisiwa cha Pate, mbele ya bahari iliyo wazi. Kaskazi ndiyo msimu wao: maji hutulia na kung'aa, wapiga mbizi huzamia kambakoche miambani, na wanunuzi husubiri ufuoni na mizani. Kusi ikikaa, mawimbi hupiga miamba na bahari hiyo hufunga. Nilipofika walikuwa katika siku za mwisho za kuvuna, na kila mtu alikuwa na haraka.

Yule hodari alikuwa kijana mwenye boti ya faiba na injini. Alikuwa na simu inayomwonyesha utabiri wa upepo kwa saa. Nilidhani hapa ndipo chama kinapofia. Lakini chini ya kiti cha boti niliona tanga lililokunjwa na mlingoti mfupi, na jioni nilimkuta kwa babu yake akiuliza kusi itakaa mwongo gani mwaka huu, kwa sababu alitaka kujua kama anunue nyavu mpya sasa au aweke fedha hadi Agosti.

"Simu haikuambii?" nilimuuliza.

"Simu hunambia ya juma hili. Deni la nyavu ni la miezi sita."

Hapo nililielewa jambo nililokuwa nimelifuata tangu Malindi. Elimu hii haijafichwa; mabarazani Lamu niliisikia ikitolewa bure kwa gharama ya vikombe viwili vya kahawa. Itaishi mradi kuna mtu ambaye riziki yake inategemea kujua msimu mzima, na itakufa siku ambayo mtu huyo atakosa boti, au samaki, au mahali pa kuvulia. Anayejali hesabu hii asihangaike kuiandika tu vitabuni. Na atazame pia ni nani anayepewa bahari. Na anayetaka kuisikia mwenyewe aje Machi, aje na subira, na asikate tiketi ya kurudi.